Je, "Sitaki" Ni Neno Moja?

Daftari lenyewe ni la hesabu. Binti yangu alilitumia darasa la kwanza mpaka ukurasa wa kumi na mbili, mwalimu akadai lenye miraba mikubwa zaidi, nami nikalichukua lilivyo, na jedwali lake la kuzidisha mgongoni, nikalifanya daftari la maneno ya mdogo wake. Ukurasa wa kwanza una mstari mmoja juu: "Miezi 24. Maneno 14." Chini yake nimeyaorodhesha kama alivyoyatamka yeye mwenyewe: mama, baba, dada, bibi, mai (maji), nyonyo, paka, kuku, kula (chakula), pana (hapana), tende (twende), bo (mpira), pipi (ya kulamba na ya kupanda, yaani pikipiki), na la kumi na nne, itaki.

Nilianza kuandika kwa woga. Rafiki yangu alinitumia kwenye simu chati ya hatua za ukuaji wa lugha, ile inayosema kwamba mtoto wa miaka miwili anatarajiwa kuwa na maneno 50 na kuwa ameanza kuyaunganisha mawili mawili, nami nilipohesabu kichwani sikufika hata 20. Asubuhi nikamweleza mama mkwe wangu, ambaye tunaishi naye hapa Tanga tangu ateremke kutoka Lushoto. Alikuwa akipepeta mchele, na wala hakusimamisha ungo. "Mwanangu, usimharakishe mtoto. Huyu baba yake alitimiza miaka mitatu hajasema la maana, na leo nani anamnyamazisha?" Nikajibu, "Sawa, mama," kwa kuwa ndivyo mkwe anavyojibiwa, kisha nikaenda chumbani kuandika.

Kikwazo kilijitokeza kwenye neno la kumi na nne. Mwanangu alikuwa akisukuma sahani ya uji na kusema "itaki", na mtu yeyote mwenye macho angeelewa kwamba anasema "sitaki". Je, hilo ni neno moja? Katika maandishi ni moja. Lakini ndani yake mna "si", inayobeba kwa pamoja mimi ninayesema na kukana kwangu, mna "tak", ambayo ndiyo haja yenyewe, na mna irabu ya mwisho iliyogeuka kutoka "a" ikawa "i" kwa sababu ya ukanushi. Mtoto wa Kiingereza akitaka kusema jambo hilohilo huhitaji maneno matatu, na akiyasema mama yake huandika kwa furaha kwamba mtoto ameunganisha maneno matatu, ilhali mimi niliandika moja tu, nikaona bado yamebaki 36.

Namba 50 yenyewe, nilipoifuatilia, nikakuta hata wenye nayo hawajakubaliana waiweke wapi. Februari 2022 Kituo cha Kudhibiti na Kuzuia Magonjwa cha Marekani kilitoa upya orodha yake ya hatua za ukuaji. Awali hatua nyingi katika orodha za namna hiyo ziliwekwa kwenye umri ambao nusu ya watoto huwa wamezifikia, kwa hiyo mzazi wa nusu ya pili alibaki na wasiwasi au akazoea kupuuza. Safari hii hatua iliwekwa kwenye umri ambao watoto wasiopungua 75 katika kila 100 wanatarajiwa kuwa wameifikia. Maneno 50 yakaangukia miezi 30. Baadhi ya wataalamu wa usemi wa hukohuko Marekani, waliozoea kuyatarajia maneno hayo katika miezi 24, hawakufurahi, wakihofia kwamba mtoto anayehitaji msaada angesubirishwa nusu mwaka mzima. Mimi nilitoka na jambo moja katika mabishano hayo: namba hiyo imechaguliwa na watu kwa ajili ya kazi fulani, kwamba daktari ajue ni nani amtazame kwa makini, na kazi hiyo ni tofauti na ile niliyoipa mimi ya kunikosesha usingizi.

Kwa lugha yetu kazi kama hiyo imekwisha kufanywa, na haikufanyika mbali. Watafiti wa Kilifi, pwani ya Kenya, walitengeneza orodha za maneno ya watoto wadogo kwa Kiswahili na kwa Kigiriama, wakizichukulia mfano wa zile za Kimarekani lakini wakiweka vitu ambavyo mtoto wa Kilifi anaviona kweli. Kwa kuwa wazazi wengi hawakuwa wamesoma, hawakupewa karatasi wajaze. Walikaliwa chini, wakasomewa neno moja moja, wakaulizwa kama mtoto analielewa na kama analisema. Niliposoma hilo nikatambua kosa langu la kwanza. Nilikuwa nikiyakumbuka maneno kutoka kichwani, na kichwa cha mama aliyechoka hukumbuka machache. Nilipoanza kupita nyumba nzima nikiuliza kitu kimoja baada ya kingine, kuanzia jikoni, ua, kitanda hadi vyakula, yale 14 yakawa 19 jioni hiyohiyo, na mtoto hakuwa amejifunza lolote jipya.

Dada yake nilikuwa sikumwandikia daftari, lakini maneno yake mengine hayajanitoka masikioni. Alipokuwa na umri kama huu wa mdogo wake alisema "baba kuja", kisha "baba nakuja", na ilimchukua muda kufika kwenye "baba anakuja". Wakati ule nilidhani ni utoto tu. Mwanaisimu Kamil Ud Deen aliwarekodi watoto wa Nairobi wanaojifunza Kiswahili, akaonyesha kwamba vipande vya mbele ya kitenzi ndivyo vinavyodondoka katika umri huo: mara kiambishi cha mtenda, mara cha wakati, mara vyote viwili kwa pamoja, huku irabu ya mwisho ikibaki mahali pake. Ukisikiliza mkazo wa Kiswahili ulivyo, silabi ya pili kutoka mwisho ndiyo inayopigiwa ngoma, hushangai sana kwamba mtoto hushika mkia wa neno kabla ya kichwa. Ndiyo maana chakula huwa "kula", samaki huwa "maki", na maziwa huwa "ziwa".

Basi mimi nikaona kwamba katika lugha kama yetu swali la maneno mangapi linapaswa kufuatwa na swali jingine, nalo ni kwamba mtoto anafanya nini ndani ya neno. "Sitaki" ya mtoto wa miezi 20 inaweza kuwa donge moja alilolimeza zima, kama anavyomeza "hodi" au "shikamoo", bila kujua kwamba "si" inaweza kuchomolewa na kupachikwa kwingine. Utajua ameifungua siku atakayoipachika mahali ambapo hajawahi kuisikia. Binti yangu alifanya hivyo mbele ya ndoo ya maji, jioni, akiwa amekaribia miaka miwili na nusu. Nilimwambia, "Njoo uoge," akarudi nyuma hatua mbili, akaweka mikono mgongoni, akasema: "Sioga!"

Hakuna mtu mzima katika nyumba yetu aliyewahi kusema "sioga". Sisi tunasema "siogi". Maana yake hakuiga. Alikuwa ameichomoa "si" kutoka "sitaki" na "sijui", akaibandika kwenye "oga" aliyoijua, akasahau tu kwamba ukanushi hugeuza na mkia. Kosa hilo lilikuwa ushahidi mkubwa wa ukuaji kuliko maneno kumi yaliyo sahihi, na mimi nililisahihisha haraka haraka kana kwamba ni doa. Watoto wa Kibantu wana uhodari mwingine usiohesabika kwenye chati. Katherine Demuth, aliyewafuatilia watoto wa Lesotho, alikuta kwamba wanaojifunza Kisotho huanza kwa kudondosha viambishi vya majina, lakini upatanisho wa ngeli wanaumudu mapema sana, wakifika miaka mitatu umekaa. Binti yangu naye alisema "kiatu changu" na "maji yangu" kabla hajajua kuvaa hicho kiatu, na mimi ninafanya kazi na watu wazima, wenye shahada, wanaosema "kiatu yangu" mpaka leo.

Nimerefusha habari ya dada mtu kwa sababu ndiyo iliyonifanya nimsikilize mdogo wake vizuri, na nilipomsikiliza nikaona jambo ambalo idadi haikulionyesha. Dada alidondosha vichwa vya maneno, yaani silabi nzima nzima. Huyu alidondosha hata sauti moja moja. "Mai" haina j. "Itaki" haina s. Nikapitia orodha nzima kwa kalamu nyekundu, na katika maneno yote 19 hapakuwa na s, wala f, wala sh. Sauti hizo ni kweli huchelewa kwa watoto wengi, na ningeweza kuishia hapo. Lakini ndizo pia sauti nyembamba na dhaifu kuliko zote katika usemi, za kwanza kupotea sikio linapoziba.

Kabla mtoto hajasema, anasikiliza, na anaanza mapema kuliko tunavyodhani. Mwaka 1980 watafiti wawili wa Marekani, DeCasper na Fifer, waliwapa watoto wachanga, wenye umri usiozidi siku tatu, chuchu ya bandia iliyounganishwa na kinasa sauti, na watoto wakanyonya kwa namna iliyowaletea sauti ya mama zao badala ya sauti ya mama mwingine. Walikuwa wamekwisha kuijua tangu tumboni. Baadaye, mwezi wa pili hivi, mtoto huguna na kutoa zile irabu ndefu zinazomfanya bibi ajibu "eeh, niambie mume wangu". Kati ya miezi 6 na 10 huanza "bababa" na "mamama", silabi zilizokamilika, ambazo kila baba huzidai ni jina lake.

Hapa pana mtego ambao ningependa kila mzazi aujue. Mtoto kiziwi naye huguna. Huguna, hucheka, hulia, na katika miezi ya kwanza huwezi kumtofautisha kwa sauti yake. Tofauti hujitokeza kwenye "bababa", ambayo kwake huchelewa sana, kwa kawaida kupita miezi 10, kwa sababu silabi hizo zinahitaji sikio la kuzirekebisha. Ikiwa wazazi wake wanatumia lugha ya alama, hubwabwaja kwa mikono kwa wakati uleule, jambo lililoandikwa na Petitto na Marentette mwaka 1991, na hilo linaonyesha kwamba akili yake haina kasoro, inasubiri tu mlango ulio wazi. Kwa hiyo mtoto aliyefika miezi 10 bila "bababa" wala "dadada" hapaswi kusubiri miaka miwili ahesabiwe maneno.

Mwanangu alibwabwaja vizuri akiwa na miezi minane. Nina video yake, bibi akimwambia "simama dede" na yeye akiporoja huku ameshika kiti. Yaliyotokea yalikuja baadaye. Alipokuwa na miezi 14 alipata mafua makali, sikio la kushoto likatoa usaha. Miezi 17 likarudia, safari hii yote mawili. Tulipewa dawa, usaha ukakauka, tukashukuru. Hakuna aliyetuambia kwamba usaha ukikauka nje, majimaji yanaweza kubaki ndani, nyuma ya ngoma ya sikio, bila maumivu wala homa, kwa wiki na miezi, na kwamba mtoto wa namna hiyo husikia kama mtu aliyejiziba masikio kwa vidole.

Nilipomwambia mume wangu kwamba huenda mtoto hasikii, alibisha, akatoka nje, akaubamiza mlango wa bati. Mtoto akageuka. "Unaona?" Nikamwomba afanye jingine. Mtoto alikuwa amekaa sebuleni akipanga vizibo vya soda, mgongo umetuelekea. Mume wangu akasimama hatua tatu nyuma yake, akamwita kwa sauti ya kawaida. Hakugeuka. Akamwita tena, chini kidogo. Kizibo kikawekwa juu ya kizibo. Akanong'ona "pipi", neno ambalo nyumbani kwetu halijawahi kupuuzwa, na bado hakugeuka. Mume wangu akazunguka mbele, akachuchumaa, akasema "pipi" kwa sauti ileile ya chini, na mtoto akiitazama midomo yake akanyoosha mkono. Hakuna aliyesema kitu kwa muda.

Tangu siku hiyo siamini tena majaribio ya mlango na sufuria. Kishindo kinasikika hata na mtoto aliyepoteza sehemu kubwa ya usikivu, na kingine anakihisi miguuni kupitia sakafu. Vilevile siamini maagizo tunayoyatoa huku mikono ikisema yote. Bibi alikuwa akisisitiza kwamba mtoto anaelewa kila kitu, na ushahidi wake ulikuwa kwamba akimwambia "kaniletee kiatu" analeta; ila yeye mwenyewe huwa amekwisha nyoosha kidole kwenye kiatu, na amekiangalia. Nilimwomba aseme hivyohivyo akiwa ameshika ungo kwa mikono yote miwili na macho yake yako kwenye mchele. Mtoto alimtazama, akacheka, akaendelea na vizibo.

Kliniki tulikuwa hatukukosa hata mwezi. Mtoto alivishwa kile kisuruali cha kitambaa, akaning'inizwa kwenye mizani, akalia, nukta ikawekwa kwenye kadi. Miezi 9 akachanjwa surua na rubela, miezi 18 akarudiwa. Chanjo ya rubela yenyewe ina uhusiano na masikio kuliko wengi wanavyojua, kwa kuwa rubela ikimpata mama mjamzito inaweza kumfanya mtoto azaliwe kiziwi. Ila katika foleni zote hizo hakuna aliyeniuliza mtoto anasema nini, na siku nilipouliza mwenyewe, muuguzi aliyekuwa na kina mama thelathini mbele yake alitazama kadi akasema uzito wake mzuri, na wa kiume huchelewa. Simlaumu sana kwa foleni ile. Kuhusu wa kiume kuchelewa, ni kweli kidogo: wavulana huwa nyuma ya wasichana kwa wastani wa mwezi mmoja au miwili katika umri huo, na mwezi mmoja hauwezi kueleza mwaka. Hata ile hoja ya mkwe wangu kuhusu baba mtu ina ukweli ndani yake, maana kuchelewa kusema hutembea katika koo. Wengi wa watoto wanaochelewa hivyo, huku wakisikia vizuri na kuelewa vizuri, hufikia wenzao kabla ya shule. Lakini mtu hawezi kumweka mtoto katika kundi hilo kwa kumkadiria tu.

Hospitali tuliyopelekwa ilikuwa na chumba kidogo chenye kipimo cha masikio. Daktari alichungulia kwanza kwa taa, kisha akaweka kwenye tundu la sikio kidude chenye mpira laini kinachosukuma hewa kidogo na kuangalia kama ngoma inacheza. Kwenye skrini, sikio zima huchora mlima. Alituonyesha mlima huo kwa kumpima dada mtu, aliyekuwa amekuja kwa ubishi. Kisha akampima mdogo wake, na mstari ukapita bapa kama barabara ya Korogwe, kushoto na kulia. Majimaji nyuma ya ngoma, pande zote mbili.

Kabla ya kusema tufanye nini aliuliza maswali ambayo sikuyatarajia. Je, mtoto ananyoosha kidole kukuonyesha kitu, si kukiomba tu, bali ili nawe ukione? Je, anakuletea vitu akutazame usoni? Je, yako maneno aliyokuwa nayo akayapoteza? Nilijibu kwamba ananionyesha kila ndege na kila pikipiki, na kwamba hajapoteza neno. Akaeleza kwamba alikuwa akiangalia dalili za usonji, na kwamba mtoto aliyefika miezi 12 bila kuonyesha kwa kidole wala kupunga mkono, miezi 16 bila neno, au miaka miwili bila kuunganisha maneno mawili yake mwenyewe, aletwe. Na anayepoteza maneno aliyokuwa nayo, katika umri wowote, aletwe wiki hiyohiyo. Nikaandika yote kwenye daftari, chini ya jedwali la mara nane.

Matibabu yalikuwa karibu na hakuna. Majimaji ya namna hiyo mara nyingi huondoka yenyewe ndani ya miezi mitatu, kwa hiyo turudi baada ya miezi mitatu apimwe tena. Yakibaki ndipo lizungumzwe suala la kutoboa ngoma na kuweka kimrija. Tusitie mafuta ya aina yoyote sikioni. Tumkaribie tukisema naye, tumtazame usoni, tuzime redio. Alitukumbusha kwamba sisi tuna bahati, kwa kuwa tatizo letu ni la kupita. Shirika la Afya Duniani katika ripoti yake ya 2021 lilihesabu watoto wapatao milioni 34 duniani wenye upungufu wa kusikia unaohitaji msaada, na likakadiria kwamba karibu asilimia 60 ya upungufu wa watoto ungeweza kuzuilika: masikio yanayotoa usaha yakitibiwa, homa ya uti wa mgongo na surua zikichanjwa, manjano ya mtoto mchanga yakiwahiwa. Penye vipimo vya kutosha lengo ni mtoto apimwe usikivu kabla ya mwezi mmoja, tatizo lithibitishwe kabla ya miezi mitatu, na msaada uanze kabla ya miezi sita. Hospitali ya Taifa Muhimbili ilianza mwaka 2017 kupandikiza vifaa vya usikivu kwa watoto waliozaliwa viziwi, na daktari alisema huzuni yake ni wale wanaofika wakiwa na miaka sita au saba, kwa sababu kila mtu aliambiwa "atasema tu".

Mtaani, habari ilipovuja, tulipata ushauri wa kila aina. Jirani mmoja alisema ni udata, ulimi umeshikwa chini, ukatwe. Udata upo kweli, unaweza kumsumbua mtoto kunyonya na baadaye kutamka sauti kadhaa, lakini hauzuii kuelewa, wala haumfanyi mtoto asigeuke akiitwa. Mwingine akasema kimeo, na anamjua mzee anayekata. Hapo sikujibu kwa adabu. Kukata kimeo kwa kisu cha nyumbani kumeleta damu na maambukizi kwa watoto wasio na hatia, na kimeo hakihusiani na lugha kwa namna yoyote. Wa tatu akalaumu Kisambaa cha bibi, kwamba lugha mbili zimemchanganya mtoto. Lugha mbili hazisababishi kuchelewa. Ila mtoto huyagawa maneno yake, haya kwa bibi, haya kwa mama, na anayehesabu lugha moja tu anampunja. Bibi mwenyewe alipoambiwa hivyo alinitajia maneno matano ya Kisambaa ambayo mtoto alikuwa akimwambia yeye, nami sikuwa na habari. Tukafika 24.

Ushauri niliokuwa karibu kuufuata ni wa katuni. Mama mmoja wa kazini ana mtoto wa umri huohuo anayehesabu "wan, tu, thrii" mpaka kumi na kutaja rangi zote kwa Kiingereza cha simu, akanishauri nimnunulie wangu bando. Siku waliyotutembelea nilimchunguza yule mtoto. Alihesabu kweli. Lakini alipopata kiu alisimama mbele ya mtungi, akalia. Mwaka 2003 Patricia Kuhl na wenzake wa Seattle walichapisha jaribio la watoto wa miezi tisa waliosikilizishwa Kichina: waliokaa na Mchina akicheza nao kwa vipindi 12 walijifunza kutofautisha sauti za lugha hiyo, na waliotazama mtu huyohuyo kwenye video kwa vipindi vilevile hawakujifunza kitu. Bando sikununua.

Ila pia sikutaka kuingia kwenye hofu nyingine, ile ya vitabu vya kizungu, kwamba mama asiyezungumza na mtoto kutwa nzima anamharibia maisha. Nyumba yetu ina watu wengi, na mtoto wetu husikia zaidi mazungumzo ya watu wengine kuliko yanayomlenga yeye. Katika kijiji cha Wamaya wanaosema Kitseltal, huko Mexico, Marisa Casillas na wenzake walipima na kukuta watoto wadogo wanasemeshwa wao wenyewe chini ya dakika tano kwa saa, na bado wanabwabwaja, wanasema neno la kwanza na wanaunganisha maneno kwa umri uleule unaotarajiwa kwingine. Mtoto ana njia nyingi za kuiba lugha, mradi sikio lake liwe wazi.

Baada ya miezi mitatu mlima ukaonekana kulia, na kushoto ukawa kichuguu. Baada ya miezi mingine miwili, yote mawili. Siwezi kuapa kwamba majimaji peke yake ndiyo yaliyomchelewesha. Daktari naye hakuapa, na wapo watoto wengi wenye majimaji yaleyale wanaosema kama redio. Ninachoweza kusema ni kilichomo kwenye daftari. Miezi 26: "baba kuja." Miezi 27: "ta-a", akionyesha taa, kisha "taa zima", kisha s ya kwanza, kwenye "simu", ndefu kama ya nyoka. Miezi 28 nilifika maneno 63 nikaacha kuhesabu, nikawa naandika sentensi.

Ukurasa wa mwisho niliouandika ni wa juzi. Miezi 31, saa kumi na mbili jioni, ndoo ya maji iko uani, na yeye yuko nyuma ya mlango wa chumba cha bibi. Nikamwita kwa sauti ya kawaida, bila kuongeza, nikiwa hatua tano hivi kutoka mlangoni. Kimya. Nikamwita tena, na kwa sekunde chache moyo ukanidunda kwa mazoea ya zamani. Kisha ikatoka sauti nyuma ya mlango, wazi, yenye s mbili zilizonyooka:

"Sisikia!"

Dada yake, aliyekuwa akifanya kazi ya shule barazani, hakuinua hata kichwa. "Inasemwa 'sisikii'," akamwambia. Nikaenda kutafuta kalamu.